Bastola Iliyopimwa kwa Chumvi

Ayubu wa Chumbageni hakuwa mtu wa kusifiwa, na sifa moja aliyokuwa nayo aliitunza kama mzee anavyotunza jino lake la mwisho. Kitu kikitoka mkononi mwake, hakirudi. Cherehani, kufuli, pampu za maji, saa ya ukutani ya msikitini, vyote vilipita barazani kwake chini ya kipande cha bati, na vilipoondoka viliondoka moja kwa moja.

Alizaliwa Moa, kwa Wadigo wavuna chumvi. Alipopata akili aliona jinsi chumvi ilivyomla baba yake miguu, akaondoka kabla haijamla yeye. Akaingia karakana ya shamba la mkonge, kwa Mgiriki mmoja aliyejua kutukana kwa lugha tano na kufundisha kwa kofi. Humo alijifunza kusoma chuma kwa ncha za vidole. Mgiriki alikuwa na bunduki zake za kuwindia nguruwe, na Ayubu ndiye aliyezifungua na kuzisafisha. Mgiriki alipokwenda zake, na mkonge ukaanza kuoza shambani bila mkataji, Ayubu alirudi mjini na ujuzi ambao mwingine hakuwa nao. Hata polisi, silaha ikiwakwamia, walimtuma mtu Chumbageni.

Kisha ikaja miaka ya shida. Watu waliacha jiwe kwenye foleni ya sukari ili liwashikie nafasi, wakaenda kuoga, wakirudi wakakuta mawe yamekuwa mengi kuliko sukari. Sabuni ilitoweka kwa kelele, unga ukatoweka kwa vilio. Mafuta ya mashine, yale ya kikopo chenye mdomo mrefu, yalitoweka kimya kimya, maana hakuna anayelilia mafuta ya mashine ila fundi. Ayubu akaingia jikoni kwa mkewe Najat, akatoka na chupa ya mafuta ya nazi. Najat alipiga kelele siku ya kwanza, siku ya pili akanyamaza. Tangu hapo cherehani za Chumbageni zilikunywa nazi, kufuli zilikunywa nazi, na ukipita mtaani adhuhuri hukujua kama ni wali unapikwa au ni suruali inashonwa.

Taizoon alikuwa jirani wa mtaa wa pili, Mbohora, muuza misumari na mabati kama babu yake. Ulipopita msako wa wahujumu uchumi, mwaka wa themanini na tatu, walikuta mabomba na misumari aliyofukia uani kwake, wakamchukua. Alikaa ndani miezi kadhaa. Aliporudi alikuwa amekonda na ameacha tabia ya kucheka, na mama yake, Mariambai, akawa anamfuata kwa macho hata akienda msalani. Baadaye serikali ikalegeza kamba. Mwenye fedha zake aliruhusiwa kuleta bidhaa, na ghafla Taizoon yule yule akawa mfanyabiashara tena, na magari yakaanza kupanda na kushuka barabara ya Horohoro yamejaa vitu vilivyosahaulika. Majambazi nao hawakusubiri kuambiwa kwamba biashara imefunguliwa.

Ndipo Taizoon akaomba kibali cha bastola. Akaipata, ya rahisi, kutoka kwa mkandarasi aliyekuwa anahama nchi. Ilikuwa na jina la kiwanda ambalo hata Ayubu hakuwahi kulisikia. Akaileta barazani, amefuatana na dereva wake Fanueli, Mbondei wa upande wa Magila, mtu mnene mwenye sauti ya kuitia ng'ombe.

"Shikamoo, fundi," alisema Taizoon.

"Marahaba. Karibu ukae."

"Mimi simwamkii," alisema Fanueli. "Mdigo ukimwamkia atakuomba nauli."

"Mbondei huyu umemleta wa nini, Taizoon? Mfungie garini, asije akatafuna mlango." Walikuwa watani, kabila kwa kabila tangu mababu, na hawakuwahi kuonana bila kutupiana la namna hiyo.

Taizoon hakusikiliza. Aliweka kitambaa juu ya meza, akakifungua. "Fundi, nataka unijibu neno moja tu. Siku nikiivuta, italia?"

Ayubu aliigeuza mkononi. Chuma kilikuwa chepesi, na kingo zake zilipigwa tupa kwa haraka. "Rahisi huvunja upishi," alisema.

"Ghali siwezi. Nijibu juu ya hii."

"Basi niachie, na umwite Sajini Shehe. Hii haijibiwi kwa mdomo."

Sajini Shehe alikuwa mkaguzi wa silaha pale mjini, mtu wa taratibu, mvivu wa maneno. Ilikuwa kaskazi, joto la kukausha mate. Walikwenda uwanja wa shabaha wa mgambo, nyuma ya mashamba ya mkonge, na Ayubu akaanza kuitesa ile bastola kama mtu anayetafuta kosa kwa mkwe.

Aliifikiria safari ya Taizoon, mji kwa mji. Barabara ya Horohoro ni vumbi, basi aliizika katika vumbi la mkonge, lile jeupe linalowakohoza watu mpaka wakatapika. Njia ya Moa wakati wa masika ni tope, basi akaizamisha katika tope la mikoko, akaitikisa mara moja tu, akampa Shehe. Ufukweni ni mchanga, akaimwagia mchanga. Na kwa kuwa adui aliyemjua tangu tumboni mwa mama yake ni chumvi, aliilaza katika maji ya bahari usiku kucha, akaianika juani mpaka ikafanya ukoko mweupe.

Kwa chumvi iligoma. Kile kipini cha ndani kinachoigonga risasi kilikwama katika tundu lake kama mlango uliovimba. Ayubu hakuudhika. Kwake chuma kinachogoma mbele yako kina adabu. Aliifungua yote, akaiosha, akakisugua kipini, kisha akachukua chupa ya Najat akamimina mafuta ya nazi ndani ya lile tundu mpaka yakafurika. Akairudisha baharini. Akaianika. Ikalia. Akairudisha tena. Ikalia tena.

Fanueli alikuwa amesimama kando, mikono kiunoni. "Nilijua tu! Mdigo akikosa dawa hupaka nazi. Akiumwa jino, nazi. Akikimbiwa na mke, nazi. Sasa na bastola, nazi!"

"Na Mbondei akikosa nazi hula machungwa mpaka asahau jina la baba yake," alijibu Ayubu, na hata Sajini Shehe akacheka.

Taizoon pekee hakucheka. "Fundi, neno langu."

Ayubu aliifuta bastola kwa pindo la shati. "Italia. Nimeipima kwa vumbi, kwa tope, kwa mchanga na kwa chumvi. Hakuna kilichobaki."

Na kwa mtu wa pwani, kweli hakukuwa na kilichobaki.

Mwezi wa saba Taizoon alipata kazi ya mabati milimani, mbele ya Lukozi, ambako wananchi walikuwa wanajenga shule. Hakuwahi kufanya biashara Usambara, lakini nchi ilikuwa imefunguka, na mtu aliyefungiwa muda mrefu huenda hata asikokujua. Walishusha mabati, wakalala kwa mwenyeji wao, bastola imefungwa katika kitambaa chini ya kiti cha gari, juu ya bodi, lile bati tupu la sakafu. Wakaondoka alfajiri, ukungu umekaa barabarani kama pamba, Fanueli amejifunga kanga ya mwenyeji shingoni na kulalamika kwamba Wasambaa wamezoea kuishi ndani ya mtungi.

Hayo Ayubu aliyasikia baadaye, kwa kinywa cha Taizoon, kama wengine wote walivyoyasikia. Kwenye kona kulikuwa na gogo. Fanueli alishuka kulisukuma. Watu wakatoka kwenye migomba, wana mapanga. Taizoon aliinama, akaichukua bastola, akafungua mlango, akaelekeza, akavuta. Tik. Akaikoki upya kama alivyofundishwa, akavuta. Tik. Fanueli aligeuka kumtazama, akamwita jina. Walipomaliza kumkata walichukua walichotaka na kuondoka. Taizoon hakuwa na hata mkwaruzo.

Kutokuwa na mkwaruzo ndiko kulikomharibia.

Msibani, kwao Fanueli upande wa Magila, Ayubu alikwenda kama mtani. Kazi ya mtani matangani inajulikana. Ndiye mwenye ruhusa ya kumzomea marehemu, kulala njiani jeneza lisipite, kumwambia kwamba amekufa ili asilipe chakula cha watu, mpaka waliao wachanganye machozi na kicheko na kifua kilegee. Watu walimtazama Ayubu wakimngoja. Alikuwa ameyaandaa maneno tangu kwenye basi.

Lakini Lea, mjane, alimwona Taizoon mlangoni, amevua viatu, haji mbele wala harudi nyuma.

"Bastola ulikuwa nayo," alisema Lea. Hakupaza sauti. "Mume wangu alinisimulia jinsi mlivyoijaribu. Alisema hata baharini inalia."

"Niliivuta, dada Lea. Iligoma. Naapa, niliivuta."

Watu wote wakamgeukia Ayubu. Angeweza kunyamaza. Angeweza kusema kwamba chuma ni chuma. Lakini neno lile liligusa jino lake la mwisho, na likamtoka kabla hajalitazama.

"Bastola ile haigomi."

Taizoon alichukua viatu vyake mkononi, akaenda kuvivalia barabarani. Na ule utani wa marehemu haukutoka tena. Ayubu alirudi nao Tanga kooni.

Sajini Shehe aliichukua bastola kama kidhibiti. Siku ya tatu, adhuhuri, aliipeleka uwanjani, Ayubu akiwepo, wakaipiga bila kuigusa kwa kitambaa wala mafuta. Ililia kila ilipovutwa. Shehe aliandika, akatikisa kichwa.

Kuanzia hapo mji ukafanya kazi yake. Wengine walisema Mhindi aliogopa, akamwacha Mwafrika akatwe. Wengine wakasema aliogopa nini, alikuwa amepanga na majambazi wale, si ndiye yule mhujumu wa misumari? Alitakiwa kuripoti kituoni kila juma. Wateja wa zamani walivuka barabara. Vijana wa mtaa waliipata ile sauti aliyosema aliisikia, wakaifanya jina. Akipita, mmoja hubonyeza ulimi: tik. Wa ng'ambo hujibu: tik. Bwana Tik. Watu wa jamaati yake hawakumtupia neno, ila nafasi ya kukaa karibu naye kwenye sinia ikawa inabaki wazi.

Siku moja Mariambai alikuja barazani peke yake, amevaa rida yake ya maua, vazi la Kibohora, amechoka kwa kutembea. Ayubu alisimama.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Sikai." Alishika nguzo. "Taizoon anasema alivuta. Wewe unasema bastola haigomi. Mmoja wenu mwongo."

"Mama, mimi sisemi kwamba yeye..."

"Unasema. Mji mzima unasema kwa mdomo wako." Alivuta pumzi. "Juzi ameniuliza, 'Mama, labda sikuvuta? Labda niliota tu kwamba nimevuta?' Mtoto niliyemzaa ananiuliza mimi vile vidole vyake vilifanya nini. Gerezani hawakumfanya hivyo."

Akaondoka. Ayubu aliketi, akachukua kufuli lililokuwa mbele yake, na mchana kutwa hakulifungua.

Ilikuwa bado kipupwe, zile asubuhi chache za mwaka ambazo watu wa Tanga hujifunika shuka na kusema ni baridi. Najat alikuwa anataka kukaanga samaki.

"Ayubu, chukua hii chupa uiweke juani. Mafuta yameganda."

Aliipokea, kama alivyoipokea kila kipupwe tangu waoane. Akatoka nayo mpaka ukingo wa baraza panapofika jua la kwanza. Ndani ya chupa mafuta yalikuwa meupe, mazito kama nta ya mshumaa, na alipoipindua hayakutembea.

Akasimama.

"Mbona unaitazama?" Najat aliuliza kutoka jikoni. "Chupa hiyo si ya kutazamwa."

Hapo mjini baridi ilikuwa ya shuka moja tu, na bado yaliganda. Lukozi, alfajiri, juu ya bodi la gari, katika ukungu wa mwezi wa saba? Alikiona kile kipini ndani ya tundu lake, kimezikwa katika mafuta aliyomimina kwa mkono wake mpaka yakafurika. Alikiona kikijaribu kwenda mbele na kuishia njiani, kikiigusa risasi kama mtu anayebisha hodi asitake kusikiwa. Na akaiona bastola ikiletwa chini, Mombo, Korogwe, Tanga, mafuta yakiyeyuka kilomita kwa kilomita, mpaka ikafika mezani kwa Shehe haina kosa.

Mafuta yalianza kuwa maji upande unaoelekea jua. Ayubu hakwenda kunywa chai, alikwenda kituoni.

"Unajua unajiweka wapi?" Sajini Shehe alimwuliza, alipomaliza kumsikiliza.

"Pale nilipomweka Taizoon."

"Ungeweza kukaa kimya, fundi. Hakuna aliyekuuliza."

"Aliniuliza mama yake."

Shehe alikuna shavu. Kisha akatuma watu waitwe.

Walikutana uwanjani pale pale. Bastola haikufunguliwa wala kufutwa. Ayubu aliitia katika mfuko wa nailoni, akaufunga, na asubuhi ile akauzika ndani ya sanduku la mbao la wauza samaki, katikati ya barafu na maranda, mbele ya macho ya askari. Lea alikuja kwa basi kutoka Muheza, amevaa nyeusi. Taizoon alikuja na mama yake, akasimama mbali, shati limemkaa kama limeazimwa.

Shehe alitoa bastola sandukuni. Iliota jasho mara tu hewa ilipoigusa. Aliitia risasi, akaelekeza kwenye kilima cha mchanga, akavuta.

Tik.

Ilikuwa sauti ndogo sana. Mtu asiyeingojea asingeisikia. Shehe aliikoki upya, akavuta tena. Tik.

"Ndiyo hiyo." Taizoon alikuwa amesogea bila kujijua. Alimshika mama yake mkono, akautikisa. "Mama, ndiyo hiyo. Hiyo hiyo. Nilivuta! Unasikia? Nilivuta."

"Nasikia, mwanangu. Nasikia."

Ayubu aliichukua bastola, akaiweka juu ya jiwe, juani. Wakangoja. Shehe alipoichukua mara ya pili na kuvuta, ililia mpaka kunguru wakaruka katika mkonge, na wote wakashtuka, ingawa wote waliungoja mlio ule. Hapo ndipo Lea akalia. Alilia akiwa wima, bila kujifuta.

Alipotulia alisema, "Kwa hiyo ni mafuta ya kupikia."

"Ni mkono wangu," alisema Ayubu. "Nilikuwa sijui baridi. Siku zote nayaona yakiganda, na sikujua baridi."

Akamgeukia Taizoon. Alitaka kusema neno, lakini Taizoon alimtangulia.

"Ulinijibu kwamba italia," alisema, taratibu, kama mtu anayemkumbusha mwenzake jambo la zamani. "Nami nikaamini. Ukasema haigomi. Wao wakaamini. Mkono wako sina ugomvi nao, fundi. Mkono hukosea. Ila pale msibani hukuniuliza. Hukuniuliza hata mara moja." Akamwambia Shehe kwamba bastola haitaki tena, aifanyie apendavyo. Akamshika mama yake, wakaondoka polepole kwa sababu ya miguu ya mama.

Ayubu alidhani Lea naye ataondoka. Hakuondoka.

"Mtani," alisema.

"Naam."

"Mume wangu amezikwa bila neno lako. Tulikungoja, ukatoa neno la kumchoma mwingine. La Fanueli liko wapi?"

Ayubu aliyatafuta yale aliyoyaandaa kwenye basi, yakawa hayapo. Lililokuwepo lilikuwa moja tu.

"Alisema Mdigo akikosa dawa hupaka nazi," alisema. "Akiumwa jino, nazi. Akikimbiwa na mke, nazi."

Hakuna aliyecheka.

"Alisema hivyo?"

"Hapa hapa. Alikuwa amesimama pale uliposimama."

Lea aliitazama miguu yake, kisha mchanga ulioizunguka, kana kwamba huenda kukawa na alama iliyobaki. Baada ya muda akasogea hatua moja pembeni, akajifunga kanga, akaenda kutafuta basi.

Shehe alifunga jalada la Taizoon siku ile. Hakutakiwa tena kuripoti kituoni, na jambo hilo lilikuwa kubwa, kwani mtu mwingine angeozea ndani. Lakini jalada halipiti mtaani. Mwaka uliofuata vikopo vya mafuta ya mashine vilirudi, vya kila rangi, kutoka kila nchi, na dukani kwa Taizoon vilipangwa mbele kabisa. Ayubu alivinunua mbali, karibu na stesheni. Silaha hakuzigusa tena. Polisi walipomtumia mtu, alisema macho yamepungua.

Na kila alipomsikia kijana akibonyeza ulimi Taizoon akipita, aliinuka barazani, akamshika bega, akaanza kumweleza habari za kipini, na za chupa ya mkewe, na za ukungu wa Lukozi. Vijana walimsikiliza kwa adabu mpaka katikati. Maelezo yake yalikuwa marefu, yalimtaka mtu akae kitako. Jina lilikuwa fupi. Hata hajafika kwenye barafu, kijana alikuwa ameshaomba ruhusa, na kutoka kona ya mtaa Ayubu aliisikia tena, ndogo, kavu, kama alivyoisikia uwanjani.

Tik.